Ngazi, Nyavu na Manowari

Tarehe 12 Machi 2024, meli ya Bangladesh iitwayo MV Abdullah, ikiwa imepakia makaa ya mawe kutoka Maputo kwenda Umoja wa Falme za Kiarabu, ilitekwa na maharamia wa Kisomali katika Bahari ya Hindi. Mabaharia wake 23 hawakuachiwa mpaka katikati ya Aprili. Siku nne tu baada ya Abdullah kutekwa, makomando wa jeshi la majini la India waliikomboa meli nyingine, MV Ruen, iliyokuwa mikononi mwa maharamia tangu Desemba 2023, wakawatia nguvuni watu 35. Kwa wengi wetu wa pwani, habari hizo zilikuwa kama za marehemu aliyeonekana sokoni. Uharamia wa Somalia si tulikwishauzika?

Nimewaita watu wanne waujadili. Sikuwapa majina, nimewapa kazi zao: wakala wa kutoa mizigo bandarini, mvuvi wa Lamu, baharia mstaafu na wakili wa kesi za jinai. Nimewatunga, lakini hoja zao ni zile zinazosikika Mombasa kila suala hili linapozuka. Mimi nimejiwekea kazi ya kuuliza, na pale niliposhindwa kunyamaza, nimesema.

WAKALA: Niruhusuni nianze, kwa kuwa mimi ndiye ninayeandika ankara. Mzigo unaoteremshwa Kilindini si wa Mombasa peke yake. Una safari ya Kampala, Kigali, Juba, hata Goma. Sasa kumbukeni mwaka 2008. Septemba maharamia wakaiteka meli ya Faina, imebeba vifaru 33, inakuja Mombasa. Novemba wakaiteka Sirius Star, meli ya mafuta ya Saudia yenye urefu wa zaidi ya mita 300 na mapipa milioni mbili tumboni, umbali wa maili za bahari kama 450 kutoka hapa. Aprili iliyofuata ikawa zamu ya Maersk Alabama, nayo ikija hapa hapa na chakula cha msaada. Mwenye meli akipandishiwa bima halipi kwa mfuko wake. Anaitia kwenye nauli ya kontena, mimi naitia kwenye ankara, mwenye duka anaitia kwenye bei ya mchele na mafuta ya kupikia. Mama anayenunua kidogo kidogo kule Katwe, Kampala, analipia uharamia bila kuujua.

Ndipo zikaja manowari. Umoja wa Ulaya ulianzisha operesheni Atalanta Desemba 2008. Januari 2009 likaundwa kundi la manowari za mataifa mbalimbali, CTF 151, na NATO nayo ikaleta za kwake. Meli zikaanza kuweka seng'enge za wembe ubavuni na walinzi wenye bunduki. Mwaka 2011 mashambulio yaliyohesabiwa kuwa ya Wasomali yalifika 237. Lakini baada ya Mei 2012 hawakufanikiwa kuteka meli kubwa ya biashara hata moja mpaka Machi 2017. Anayeona manowari hazina faida anionyeshe dawa nyingine iliyofanya kazi hivyo.

MVUVI: Dada, hesabu yako sina neno nayo. Lakini mwaka huo huo wa 2011, sisi Lamu tulipigwa marufuku kuvua usiku. Wageni walitekwa Kiwayu na Manda, jeshi letu likaingia Somalia, ikaamriwa hakuna chombo kutoka jua likishazama. Nani hapa anajua jarife? Ni wavu mrefu wa macho mapana, wa papa na samaki wakubwa. Hutegwa magharibi na kuinuliwa alfajiri, kwa sababu mchana samaki anauona uzi, anaukwepa. Ukimwambia mwenye jarife asivue usiku, umemwambia asivue. Na haikuwa mwezi mmoja, ilikuwa miaka. Kuna waliouza mashine za boti kulisha watoto. Hakuna operesheni iliyoundwa kwa ajili yao.

Na kuna jambo jingine. Mwaka 2010, maharamia walipokuwa wameshamiri, wavuvi wa Malindi na Watamu walisema wazi kwamba samaki wameongezeka. Matrola ya kigeni yaliogopa kusogea, bahari ikapumua. Sifurahii uharamia. Nasema kilichotokea.

BAHARIA: Mwanangu, samaki wale walilipiwa, na aliyelipa ni mtu kama wewe. Juni 2005 MV Semlow ilitoka Mombasa kwenda Bosaso. Ndani mlikuwa na watu kumi: Wakenya wanane, fundi wa mashine Mtanzania na nahodha wa Sri Lanka. Shehena ilikuwa tani 850 za mchele wa Shirika la Mpango wa Chakula Duniani. Unajua mchele ule ulikuwa wa nani? Wa Wasomali wenyewe, wale waliokumbwa na tsunami ya Desemba 2004. Maharamia wakaishika meli zaidi ya miezi mitatu. Kwa hiyo mtu akiniambia wale walikuwa walinzi wa pwani, namuuliza: walikuwa wanailinda pwani na mchele wa ndugu zao?

MWANDISHI: Wakili, hoja ya ulinzi wa pwani imetajwa. Ina ukweli?

WAKILI: Ina mwanzo wa kweli na mwisho wa uongo. Serikali ya Siad Barre ilianguka mwaka 1991, na pamoja nayo ikaondoka doria yote ya baharini. Somalia ina pwani ya zaidi ya kilomita 3,000, ndefu kuliko ya nchi nyingine yoyote ya Afrika bara. Pwani yote hiyo ikabaki bila mwenyewe. Meli za uvuvi zikaja kutoka Ulaya, Asia na nchi jirani, nyingine zikiwa na karatasi zilizonunuliwa kwa wakubwa wa vita, nyingine bila karatasi kabisa. Zilikata nyavu za wenyeji. Tsunami ilipopiga, Shirika la Mazingira la Umoja wa Mataifa likaripoti habari za taka zenye sumu zilizotupwa ufukweni na mawimbi. Kwa hiyo hasira ilikuwa na sababu. Makundi ya kwanza yalijipa majina ya walinzi wa pwani, na yalianza kwa kuzikamata meli za uvuvi.

Lakini tazameni ilivyokuwa baadaye. Mwaka 2013 Benki ya Dunia, ofisi ya Umoja wa Mataifa inayoshughulikia dawa za kulevya na uhalifu, na Interpol zilitoa uchunguzi kuhusu fedha za fidia. Kati ya 2005 na 2012 zilikusanywa dola milioni 339 hadi 413. Wafadhili, watu ambao hawakulowa hata kiatu, walichukua kati ya asilimia 30 na 50. Kijana aliyepanda meli alipata dola 30,000 hadi 75,000, na humo akakatwa deni la chakula na la miraa aliyokopeshwa wakati wa kulinda mateka. Kulikuwa na bakshishi ya hadi dola 10,000 kwa atakayetangulia kupanda, au atakayekuja na silaha yake au ngazi yake mwenyewe.

MWANDISHI: Naomba tuikazie macho ngazi hiyo. Ni ya alumini, nyepesi, imetiwa ndoano juu. Boti ni ya faiba, ndogo, yenye injini moja au mbili. Meli ikiwa imepakia sana imekaa chini majini na mwendo wake ni wa polepole, ubavu wake si mrefu. Boti inajibana nyuma, mmoja anaudaka ukingo kwa ndoano, anapanda pekupeku. Kijana anayekwenda dukani kununua ngazi kwa kutarajia dola 10,000 hafanyi hivyo kwa ajili ya samaki wa mjomba wake. Ameingia kazini, na kazi ina tajiri.

BAHARIA: Na kazi yenyewe ina msimu. Kusi likivuma sana, boti ile haiwezi kukaa kwenye bahari kubwa. Wao hungoja maleleji, upepo ukitulia, au kaskazi lisilo kali. Tazama tarehe alizozitaja dada: Septemba, Novemba, Aprili. Abdullah ni Machi. Baharia yeyote wa jahazi angekwambia lini doria iongezwe, bila setilaiti. Lakini mabaharia wa majahazi hawakuulizwa, ingawa wao ndio waliotekwa wengi bila kutangazwa, na majahazi yao yakatumiwa kubeba boti za maharamia mbali na pwani.

WAKALA: Mzee wangu, yote hayo yanaunga mkono hoja yangu. Kama ni biashara yenye tajiri na msimu, inavunjwa kwa nguvu. Mpandishie gharama mpaka isilipe.

WAKILI: Gharama ya nani? Manowari ziliwakamata vijana wa ngazini. Januari 2011 Jack Lang, aliyeteuliwa na Katibu Mkuu wa Umoja wa Mataifa kulichunguza suala hili, aliripoti kwamba zaidi ya asilimia 90 ya waliokamatwa walikuwa wakiachiwa bila kushtakiwa. Hakuna nchi iliyotaka kuwapokea. Kenya ilijitolea. Kesi ya kwanza ilikuwa ya watu kumi walioteka jahazi la Kihindi, Safina Al Bisarat, mwaka 2006, wakafungwa miaka saba. Juni 2010 kikafunguliwa chumba cha mahakama kwenye gereza la Shimo la Tewa, kwa msaada wa Umoja wa Mataifa. Novemba mwaka huo huo, Mahakama Kuu ya Mombasa ikasema Kenya haina mamlaka juu ya makosa yaliyotendeka nje ya maji yake. Tukakaa karibu miaka miwili hatujui tunasimama wapi, mpaka Oktoba 2012 Mahakama ya Rufani ilipoitengua hukumu hiyo. Niliiona hukumu ya Rufani kuwa sahihi, na bado naiona hivyo. Haramia ni adui wa kila taifa. Akiletwa Mombasa ahukumiwe Mombasa.

Lakini walioketi kizimbani Shimo la Tewa walikuwa nani? Vijana, wengi hawajui kusoma, wanasubiri mkalimani. Tajiri mmoja aliyejulikana sana, Mohamed Abdi Hassan, maarufu kwa jina la Afweyne, alinaswa Ubelgiji mwaka 2013. Polisi walimvuta kwa kumwambia kuna filamu inatengenezwa kuhusu maisha yake, aje awe mshauri. Mwaka 2016 alihukumiwa miaka 20. Wangapi wengine wa ngazi yake waliguswa? Wanahesabika kwa vidole.

MVUVI: Mimi nina swali la kisheria, ndugu wakili. Yule mwenye ngazi anaitwa haramia. Je, mwenye trola anayeingia maji ya watu usiku, amezima vyombo vyake vya kumtambulisha, anabeba tani za samaki na kupasua nyavu zetu, anaitwaje?

WAKILI: Anaitwa mvuvi haramu, na mara nyingi kosa lake huishia kwenye faini, kama amekamatwa. Ibara ya 101 ya Mkataba wa Umoja wa Mataifa wa Sheria ya Bahari inasema uharamia ni ukatili, utekaji au uporaji kwa maslahi binafsi, unaotendwa na watu wa chombo kimoja dhidi ya chombo kingine, nje ya maji ya nchi yoyote. Samaki hawamo. Mwaka 2008 Baraza la Usalama lilipitisha azimio namba 1816, likaruhusu manowari za kigeni, kwa idhini ya serikali ya Somalia, kuingia hadi ndani ya maji ya Somalia kuwafukuza maharamia. Nguvu kubwa mno, wala si ya kawaida. Hakuna azimio la nguvu hiyo lililopitishwa dhidi ya matrola.

WAKALA: Kwa sababu trola haliui mtu, halitishii mafuta ya dunia!

MVUVI: Na walinzi wa meli zako, dada? Februari 2012, karibu na Kerala, wanajeshi wa Italia waliokuwa wakilinda meli ya mafuta Enrica Lexie waliwapiga risasi wavuvi wawili wa Kihindi wakidhani ni maharamia. Wavuvi, wamo kwenye chombo chao, wanarudi kutoka kuvua. Kesi ikaburutwa miaka mingi, nchi mbili zikibishana nani ana haki ya kuhukumu. Fidia ililipwa, watu wakabaki wamekufa. Sisi tulipoisikia habari ile tulianza kuogopa kuisogelea meli hata mashine ikituzimikia na tunataka maji ya kunywa.

MWANDISHI: Hapa Wakala alikaa kimya kidogo, nami nikamgeukia Baharia, kwa sababu yeye alikuwa na jambo ambalo hakuna aliyemuuliza.

BAHARIA: Mnazungumza meli, samaki, mahakama. Mateka je? Mwaka 2012 meli ya uvuvi Naham 3, yenye bendera ya Oman na tajiri wa Taiwan, ilitekwa na watu 29. Walikuwa vijana wa Kambodia, China, Indonesia, Ufilipino, Taiwan na Vietnam. Mmoja aliuawa siku ya kutekwa, wawili wakafa kwa maradhi. Wengine 26 waliachiwa Oktoba 2016. Zaidi ya miaka minne! Meli yenyewe ilizama, wakapelekwa nchi kavu wakalindwa msituni. Walisimulia walivyokula panya. Manowari zilikuwepo miaka yote hiyo. Meli za makontena zilipita salama miaka yote hiyo. Dada anatuambia kuwa baada ya Mei 2012 tatizo liliisha. Kwa watu hao 26 lilikuwa ndiyo kwanza linaanza.

Kwa nini waliachwa? Hawakuwa na bima ya fidia, na tajiri wao hakuwatafuta ipasavyo. Sirius Star ilikuwa ya tajiri mwenye uwezo, ikaachiwa ndani ya miezi miwili. Fidia iliangushwa kwa mwavuli kutoka kwenye ndege. Wanaokaa mateka muda mrefu ni mabaharia wa tajiri asiye na kitu, au asiye na huruma.

WAKILI: Kuna hatua moja ya maana ilipigwa. Mkataba wa Kazi za Baharini wa mwaka 2006 ulirekebishwa mwaka 2018, na tangu Desemba 2020 mshahara wa baharia aliyetekwa hauruhusiwi kukatwa. Mkataba wake wa kazi unaendelea hata ukiwa umepita tarehe yake. Zamani familia ilikuwa inampoteza mtu na mshahara kwa pamoja.

MWANDISHI: Unawahusu wa Naham 3?

WAKILI: Hauwahusu. Mkataba huo umezitoa meli za uvuvi. Umevitoa na vyombo vya kijadi, yaani majahazi.

MWANDISHI: Niliposoma kifungu hicho mara ya kwanza nilirudi kukisoma tena. Watu waliokuwa wakitekwa kirahisi zaidi, waliokaa mateka muda mrefu zaidi, na ambao kutekwa kwao hakukutikisa bei ya kitu chochote London, ndio hao hao walioachwa nje ya mlango. Wana mikataba yao mingine kwenye makaratasi, lakini ni nchi chache zilizoiridhia. Nami sasa naomba niseme ninaloliamini. Bahari hii imelindwa kwa kipimo cha shehena. Pale mzigo wenye bima ulipotishwa, dunia ilipata manowari, ndege na maazimio ndani ya miezi michache tu. Pale aliyetishwa alikuwa kijana wa Kambodia au mwenye jarife wa Faza kule Lamu, aliambiwa asubiri au asitoke. Siwezi kuuita huo usalama wa bahari. Ni usalama wa njia ya meli, na njia ni sehemu ndogo ya bahari.

WAKALA: Unasema vizuri, lakini nchi haziendeshwi kwa huruma. Tazama tarehe. Machi 2022 ruhusa ya Baraza la Usalama ilimalizika bila kuongezwa. Tarehe 1 Januari 2023 mashirika ya wenye meli yakaliondoa eneo hili kwenye orodha ya hatari kubwa. Novemba mwaka huo Wahouthi wakaanza kushambulia meli Bahari ya Shamu, manowari zikakimbilia huko, na mwezi uliofuata tu Ruen ikatekwa. Mlinzi aligeuza uso, mwizi akaingia. Tena meli nyingi zikaanza kuzunguka Rasi ya Tumaini Jema, zikapita mbele yetu. Mnataka tupunguze ulinzi wakati huu?

MVUVI: Hakuna aliyesema upunguzwe. Lakini tarehe zako zinasema na lingine. Miaka kumi na zaidi ya manowari, na wiki chache bila macho yao zikatosha kuurudisha uharamia. Wale wafadhili walikuwa wapi? Walikuwepo. Matrola yalikuwa wapi? Yalikuwepo, na kuogopa yakaacha. Mmeondoa hofu ya meli, mmeturudishia wezi wa samaki, halafu mnashangaa kijana wa Eyl kule Somalia amesikia maneno ya tajiri.

WAKILI: Na dawa imekwisha kuandikwa, ndiyo maana naumia. Januari 2009 nchi zetu zilikubaliana Kanuni za Djibouti dhidi ya uharamia, vikaanzishwa vituo vya kupeana habari Mombasa, Dar es Salaam na Sana'a. Mwaka 2017, Jeddah, kanuni hizo zikapanuliwa: uvuvi haramu ukaingizwa, magendo ya silaha na watu yakaingizwa. Kenya ikaanzisha Huduma ya Walinzi wa Pwani mwaka 2018. Kwa hiyo kwenye karatasi trola na ngazi tayari ziko meza moja.

MVUVI: Meli kubwa ikitishwa saa nane za usiku, nahodha anampigia nani?

WAKALA: Kuna ofisi ya Waingereza, UKMTO, inapokea simu saa zote. Taarifa inazifikia manowari na meli zilizo jirani mara moja.

MVUVI: Mimi nikiliona trola saa nane za usiku, nampigia nani, na chombo gani kitakuja?

WAKILI: Kituo kipo. Boti za kutosha, na mafuta ya kuzitia, ndilo tatizo.

WAKALA: Basi hilo lina bei, na kila bei ina mlipaji. Tozo ikiongezwa kwenye kontena Kilindini, wateja wangu wa Kampala watakwenda Dar es Salaam.

BAHARIA: Itozwe bandari zote mbili. Mlipokuwa mnalipa bima ya vita kwa kampuni za mbali hamkuuliza nani atahama. Na kuna jambo usilohitaji kumngoja waziri, binti yangu. Ukimkodia mteja wako meli au jahazi, omba kuona karatasi za bima ya mabaharia kama unavyoomba za shehena. Bila hizo, usipakie.

WAKALA: Hilo nitalifanya. La tozo tutabishana.

MVUVI: Tubishane. Ila safari hii na sisi tuwe kikaoni, kabla amri haijatolewa.